Nyumba ya Bibi Ndani ya Mashine Namba Kumi na Nne

Umeme ulikatika Jumamosi saa tisa alasiri, wakati chumba cha gemu cha Mzee Wubshet kimejaa mpaka ngazini. Vijana wa gemu ya mpira walipiga mayowe, wakacheka, wakatupiana lawama nani alikuwa anaongoza. Katikati ya zogo hilo sauti moja ya kike ilipasuka kutoka kona ya dirishani.

"Uwii! Nyumba yangu jamani!"

Nahusenay, aliyekuwa mwaka wa tatu akisimamia chumba kile, alikwenda kuona. Mbele ya mashine namba kumi na nne alikaa msichana wa blauzi nyeupe ya kazi, nywele amesukwa mistari myembamba hadi kisogoni, ananukia vanila, kwani alikuwa karani wa duka la keki ng'ambo ya barabara. Alikuwa amekishika kipanya kwa mikono miwili.

"Kiachie, dada, hakikimbii."

"Nimejenga kwa saa tatu, kaka. Saa tatu! Kuta, madirisha, jiko, yote!"

"Ulisevu?"

"Mara nne!"

Nahusenay akajikuna shingo. "Pole. Mashine za humu zikizima zinasahau kila kitu. Tumezifunga hivyo makusudi, watu wasitujazie takataka. Ukiiwasha tena, inaanza upya. Mbona imeandikwa pale?"

"Pale wapi? Nyuma ya mlango? Nani anasoma nyuma ya mlango?"

"Na nani anajenga nyumba bila kuuliza?"

Alidhani atacheka. Msichana akainamisha uso na machozi yakadondokea kwenye kibodi, na Nahusenay akatamani ardhi immeze.

Jina lake Mekdelawit, wenyewe tunamwita Mekdi. Gemu ile ni ya kujengea familia nyumba, halafu watu wake wanaishi humo: wanapika, wanagombana, wanazeeka. Mekdi alikuwa anajenga nyumba ya bibi yake mzaa mama, aliyemlea. Bibi alishafariki, na mwaka uliofuata barabara mpya ikapita juu ya nyumba, kuanzia mlango wa mbele hadi choo cha uani. Picha zilizobaki ni za watu wamejipanga bega kwa bega, nyuma yao kipande cha pazia. Mama yake Mekdi alikuwa Beirut, mwaka wa tisa huo anafanya kazi za ndani. Angerudi Pasaka kwa likizo ya wiki tatu.

"Amezaliwa mle," Mekdi alisema. "Kila akipiga simu anauliza, hivi kweli hakuna kilichobaki? Nataka aingie hata kwa macho."

Umeme uliporudi, Nahusenay akavuta kiti.

"Sikiliza, Mama Keki. Gemu haiweki kazi yako pale ilipo gemu. Inaiweka chumba cha uani, tena kilichofichwa. Hii hapa. Umeona? Hii ndiyo folda ya nyumba yako. Kila ukimaliza, mimi nitaichukua niiweke kwenye mashine yangu ya mapokezi, ile haisahau. Ukija, nairudisha."

"Kila siku?"

"Kila siku."

"Na wewe unapata nini?"

"Keki," alisema, na masikio yakamwiva.

Ilikuwa Kwaresima, hivyo keki zenyewe zilikuwa zile zisizo na maziwa wala mayai, ngumu ajabu, lakini Nahusenay alizila akizisifia. Mekdi alikuja kila akitoka kazini, shali yake nyeupe begani, kahawa mbili nyeusi mkononi. Shida moja ikabaki: gemu ile ilitengenezwa na watu wa mbali. Ilikuwa na majokofu ya milango miwili na mabwawa ya kuogelea, lakini haikuwa na birika la udongo la kahawa. Haikuwa na kapu kubwa la kulia injera, mkate wetu, wala kigoda cha miguu mitatu.

"Hilo dogo," Nahusenay alisema. "Kuna folda ya pili, ya mod. Ni vitu vya kuongeza, vya kujitengenezea. Wewe nichoree, mimi nitengeneze."

Akatengeneza vitu sitini na nne. Kigoda, birika, kapu, jiko la mkaa, picha ya Maria iliyopauka upande mmoja kwa jua. Kitanda cha bibi, cha chuma, chenye mguu mmoja ulioegeshwa tofali. Mekdi alikuwa anapiga simu saa nne asubuhi kutoka dukani, ananong'ona bosi asisikie.

"Bwana Folda, pazia lilikuwa na maua ya njano."

"Njano ya ndizi au ya limau?"

"Ya... ya pazia, bwana! Na wewe!"

"Sawa, konjo. Njano ya pazia."

Alimwita konjo, mrembo, na hakukaripiwa. Kuanzia hapo ikawa konjo asubuhi, konjo jioni, hadi Mzee Wubshet akauliza kama chumba chake kimegeuka ukumbi wa harusi.

Sasa nisikilizeni, maana hapa ndipo ninapokasirika kila nikisimulia. Alhamisi moja kabla ya Pasaka, Nahusenay alifungua nyumba ile peke yake kwenye mashine ya mapokezi. Nia yake njema: alitaka kuona kama kitanda kimekaa vizuri sakafuni. Mara mteja wa namba tisa akamwita, waya umelegea. Akaenda. Akaiacha gemu inatembea. Na ndani ya gemu siku hukimbia, na bibi wa Mekdi alikuwa ameundwa mzee, kama alivyokuwa.

Mekdi aliingia na kahawa zake akakuta kaburi. Kaburi dogo la jiwe, sebuleni, kando ya kapu la injera, na mtu wa kike aliyempa jina la mama yake amepiga magoti analia.

Vikombe vilianguka.

"Mekdi! Subiri! Hiyo si kitu, nina nakala ya jana, bibi yupo, mzima kabisa..."

"Nani alikuruhusu kuingia?"

"Nilikuwa naangalia kitanda tu."

"Nyumba ya bibi yangu! Unaingia wakati sipo, unatembea humo, unamwacha anakufa huku unakaza waya! Nilikuwepo alipokufa, Nahu. Unanifanya nione tena?"

Vijana wa mpira wote waligeuka kutazama. Mekdi alinyoosha mkono.

"Niwekee yangu kwenye flashi. Ya jana. Halafu futa zote. Zote, mbele ya macho yangu."

"Mekdi, tafadhali, nakala ni za..."

"Futa!"

Akafuta. Ya jana, ya juzi, ya wiki iliyopita, na akamwaga hata pipa la takataka la mashine, kwa sababu aliambiwa zote na yeye ni mtu wa kutimiza neno. Kisha akafungua mdomo: "Sikiliza, kuna folda ya pili..."

"Usiniambie neno hata moja."

Akachukua flashi akashuka ngazi. Ndani ya flashi kulikuwa na nyumba. Vitu sitini na nne vilibaki kwenye folda ya mod, kwenye mashine ya Nahusenay.

Alipiga simu mara kumi na saba. Mekdi alikwishaifungia namba yake. Akavuka barabara hadi dukani. Akaambiwa Mekdi yuko likizo, mama amefika. Alijua nini kitatokea, hatua kwa hatua, na hakuwa na la kufanya. Hata chumba alichopanga Mekdi hakukijua. Alikaa mapokezi akiangalia mlango, watu wakimuuliza mashine ipi iko wazi na yeye akijibu hovyo.

Jumatatu ya Pasaka Mekdi aliazima laptop ya mwenzake wa kazini, yenye gemu ileile. Mama yake, Bi Asnakech, alikaa kwenye kigoda, gauni jipya la Kihabeshi lenye pindo la kijani, mikono imekauka kwa sabuni za watu. Mekdi aliihamisha folda kutoka kwenye flashi, hakuacha nakala, akaiweka pale alipofundishwa. Akafungua. Yakatokea maandishi: baadhi ya vitu havipatikani, endelea?

"Bonyeza, mwanangu," mama alisema. "Nina hamu."

Akabonyeza.

Kuta zilikuwepo. Madirisha yalikuwepo, bila pazia. Sakafu tupu, kona tupu, bibi amesimama katikati ya chumba, hana pa kukaa. Mekdi alihaha, akafunga upesi, gemu ikauliza sevu, akajibu ndiyo, akafungua tena. Tupu vilevile.

Bi Asnakech aliinama karibu na skrini, akajitahidi, kweli alijitahidi.

"Nzuri," alisema kwa upole. "Nyumba ya nani?"

Mekdi alitoka nje akapiga simu.

"Nahu."

"Umeifungua," alisema Nahusenay. Wala hakuuliza.

"Vimeondoka. Vyote. Rudisha."

"Ulipotoka, ilikuuliza usevu?"

"Nikasema ndiyo."

"Basi hiyo tupu imeandikwa juu ya ile ya jana."

"Nahu? Zile nakala?"

"Uliniambia nizifute."

"Na wewe ukafuta kweli? Zote? Hukuficha hata moja?"

"Uliniambia zote."

"Mungu wangu! Wanaume wa mji mzima hawasikii tukisema, ndiyo wewe ukanisikiliza!" Akaanza kulia, kilio cha mtu aliyechoka. "Mama ameniuliza nyumba ya nani. Nyumba aliyozaliwa, Nahu."

"Konjo, nisikilize. Vitu vyenyewe ninavyo. Kigoda, pazia, birika, vyote. Ninachokosa ni vilikaa wapi, hicho kilikuwa kwenye folda yako. Nielekeze kwako. Nakuja."

"Sikustahili uje."

"Nielekeze tu."

Alifika amevaa shati lake moja zuri, kola imepigwa pasi upande mmoja kwa haraka. Akamsalimia Bi Asnakech kwa kuinama, akaulizwa ni mwana wa nani, akajibu, kisha akakaa sakafuni na kuweka folda ya pili mahali pake.

Walianza vizuri. Kapu, katikati. Jiko la mkaa, nje ya mlango wa nyuma. Pazia lilipotokea, Bi Asnakech alishika mdomo. "Lile! Nililinunua mimi kwa mshahara wa kwanza!" Akavuta kigoda karibu, akanyoosha kidole kama mwenye nyumba: picha ya Maria juu kidogo, si hapo, juu. Mekdi na Nahusenay walitazamana kwa mara ya kwanza tangu siku ya kaburi, wakacheka.

Ndipo ikaja zamu ya kitanda.

"Dirishani," mama alisema.

"Ukutani, mama, upande wa jiko. Mimi nililala naye humo."

"Mimi nilizaliwa juu yake, Mekdi. Dirishani."

Nahusenay akakiweka dirishani. Bi Asnakech akatazama muda mrefu.

"Hapana. Si hapo."

Akakiweka ukutani.

"Wala hapo si penyewe."

"Sasa wapi, mama?"

"Sijui. Lakini si hapo."

Akakihamisha mara tano. Kila mara mama alitikisa kichwa, na kila mara polepole zaidi. Mekdi naye, aliyekuwa na hakika, akaanza kushuku: miezi miwili alikuwa akikiona ukutani kwenye skrini, na sasa hakujua anakumbuka nyumba au anakumbuka gemu. Hakukuwa na mtu wa kumuuliza. Aliyejua alikuwa bibi peke yake.

"Niliondoka alfajiri," Bi Asnakech alisema. "Gari lilikuwa linapiga honi. Sikugeuka kutazama. Ningejua, mwanangu, ningetazama." Akafuta macho kwa pindo la gauni. "Kiache katikati. Labda nitakumbuka kesho."

Hakukumbuka kesho. Nahusenay alikuja kila siku baada ya zamu yake, na kila siku walifungua nyumba, wakanywa kahawa mbele yake, na mama akatazama kitanda kile kilichosimama katikati ya chumba. Siku ya ishirini na moja walimsindikiza uwanja wa ndege. Alimkumbatia bintiye, kisha akamshika Nahusenay mkono, akataka kusema neno, foleni ya wenye mizigo ikamsukuma mbele, akaingia.

Walirudi chumbani kwa Mekdi mchana ule. Laptop ilikuwa wazi.

"Nisevu?" Nahusenay aliuliza.

"Sevu. Folda zote mbili. Toa nakala mbili." Mekdi alikaa kitandani, akavua viatu. "Moja kaa nayo wewe."

"Na ukikasirika tena?"

"Nikikasirika nitakwambia uifute. Usinisikilize."

Alifanya alivyoambiwa, taratibu, akakagua kila folda mara mbili. Kisha akageuka akiwa bado sakafuni.

"Mekdi, nataka kutuma wazee."

Mekdi aliinua uso. Alitazama chumba chake: kitanda, jiko la mafuta, vigoda viwili, ndoo. Wazee wa posa huja watatu au zaidi, na hufikia kwa wakubwa wa msichana, nyumbani kwao, huwekewa viti, hukataa kukaa mpaka wakubaliwe.

"Watafikia wapi, Nahu?" Akaonyesha laptop kwa kidole. "Mama yuko angani. Bibi hayupo. Nyumba nimekuonyesha yote, ipo humo ndani, tena hata kitanda hakina mahali. Wazee wako watakuja wapi? Hapa? Nina vigoda viwili."

"Watakuja hapa."

"Watakaa wapi?"

"Watasimama," alisema Nahusenay.