Bitana Imechanika

Kila alasiri baada ya shule, Mbishi alikaa kando ya cherehani kibandani kwa shangazi yake, akishona vifungo. Jina hilo alipewa na shangazi mwenyewe, maana mtoto huyu ukimwambia jua limekuchwa, atatoka nje kuhakikisha. Kibandani mle kosa moja tu halikusamehewa: kusema nguo imechanika wakati imefumuka. Mshono ukifumuka, shangazi alisema, unashonwa upya. Kitambaa kikichanika, hiyo ni habari nyingine.

Siku hiyo shangazi alikuwa anatia bitana, kile kitambaa cha ndani, kwenye koti. Ghafla aliacha kukanyaga cherehani, akashika kifua.

"Kuna kitu kimechanika," alisema. "Humu ndani, mpaka mgongoni."

Muuza viatu wa jirani aliwaitia teksi. Njiani shangazi, jasho likimtiririka, alimwonya Mbishi asithubutu kutaja vidonge vya presha alivyoacha kumeza tangu mwezi uliopita. Aibu gani hiyo, mtu mzima kugombezwa mbele za watu!

Hospitalini muuguzi alisikiliza nusu nusu, akaandika kiungulia, akawaonyesha benchi. Mbishi hakukaa. Aliambiwa mtoto haingilii mambo ya wakubwa. Akabaki palepale mlangoni.

"Shangazi yangu ni fundi cherehani," alisema. "Akisema kimechanika, kimechanika. Na vidonge vya presha ameacha mwezi mzima. Sikai."

Shangazi alimkata jicho. Lakini daktari aliyekuwa akipita alisimama. Alipima presha mkono wa kulia, kisha wa kushoto, akaona namba zimepishana mno. Akaagiza apigwe picha ya kifua mara moja. Picha ilipotoka, aliwaeleza kwamba mshipa mkubwa unaotoka moyoni ulikuwa umechanika utando wake wa ndani, na damu ilikuwa inajipenyeza kati ya utando huo na ukuta wa nje.

"Bitana," Mbishi alisema, machozi yakimlengalenga.

"Ndiyo. Kitambaa cha nje bado kimeshika, ila hakitashika sana," daktari alijibu, huku kitanda kikisukumwa kwenda chumba cha upasuaji.

Wiki mbili baadaye shangazi alikuwa ameketi wodini, akiukagua mshono wa kifuani mwake na kulalamika kwamba nyuzi hazikulingana. Mbishi alijikunyata, akingoja kugombezwa kwa kutoboa siri.

"Nilikukataza, ukanikatalia," shangazi alisema. "Umefanya vyema. Siri inayoua haistahili kutunzwa, mwanangu. Ukimwona mtu anaficha ugonjwa, mbishie, hata kama ni mimi." Akanyoosha mkono. "Haya, nipe kidonge changu."

Mbishi alimpa. Kisha akamwambia afungue mdomo, apate kuhakikisha kimemezwa.