Mjane wa Magazetini

— Solveig, nimekufa lini?

Solveig aligeuka, pamba ya kufutia rangi usoni ikiwa bado mkononi. Mlangoni mwa chumba cha kuvalia alisimama mumewe, Torleif, fundi mitambo wa meli, koti limelowa mvua ya London. Gazeti alilolishika lilikuwa na picha ya Solveig na maneno makubwa: MJANE MREMBO WA NORWEI. MUMEWE ALIZAMA VITANI.

— Torleif! Si uliandika utafika mwezi ujao?

— Nijibu. Nimekufa lini?

Solveig aliiweka pamba mezani.

— Ni Bwana Pargeter, mtu wa matangazo wa kampuni ya filamu. Aliniuliza kama vita vilinigusa, nikamweleza jinsi ndugu yako Arne alivyozama. Badala ya shemeji akaandika mume.

— Nawe ukanyamaza.

— Nikanyamaza.

— Muda gani?

— Miezi minane.

Ni kweli alinyamaza. Miaka mitatu alikuwa akipewa nafasi za kuigiza kijakazi mgeni, anaingia na sinia, anatoka. Alipofanywa mjane, nafasi kubwa zikaanza kumfuata. Nani hujitoa kinywani tonge la asali? Lakini tonge hilo lilikuwa maiti ya mtu.

Torleif alichukua barua moja kutoka kikapu kilichojaa, akaisoma kwa sauti:

— "Dada yangu katika msiba, wangu naye alizama. Nikikuona kwenye televisheni napata nguvu za kuamka. Enid Clegg, Hull." Huyu ulimjibu nini?

— Nilimpelekea picha yenye sahihi yangu.

— Picha! Mtu anakupa machozi yake, wewe unampa picha!

Bwana Pargeter akaingia bila kubisha hodi.

— Bibie, mpiga picha anasubiri. Huyu nani?

— Mimi ndiye marehemu, — Torleif akasema. — Karibu matangani.

Pargeter akapauka kama unga, akafunga mlango upesi.

— Sikilizeni. Ijumaa bibie anatia sahihi mkataba wa filamu tatu. Mpaka hapo, wewe ni kaka yake. Kuna ubaya gani?

Solveig alimtazama mumewe. Torleif hakumwomba kitu, wala hakumtisha. Alikuwa akiirudisha barua ya yule mama kwenye bahasha, taratibu, kama anayefunika mtoto. Hapo ndipo moyo wa Solveig ulipochomwa.

Alitoka mpaka kwenye simu ya ukumbini, akaomba aunganishwe na lile gazeti.

— Naitwa Solveig Haugland. Mume wangu yu hai. Niliwadanganya, tena nilijua.

— Umejizika mwenyewe! — Pargeter akafoka.

Alhamisi aliucheza tena mchezo wa televisheni aliouigiza Jumapili, moja kwa moja hewani, kama ilivyokuwa desturi enzi hizo. Wenzake walimpa mistari yao bila kumtazama machoni. Ijumaa mkataba haukuja.

— Mimi nimekusamehe, — Torleif alimwambia. — Lakini Arne si wangu peke yangu. Ana mama yake.

Wakavuka bahari mpaka Haugesund, kwao Norwei. Mama mkwe, Bi Gurine, bado alivaa nyeusi. Alikuwa akimenya viazi, hakuinuka.

— Arne alikuwa mume wa nani?

— Hakuwa na mke, mama. Alikuwa mwanao. Nilikuibia.

— Nasikia kwa Waingereza ulimlilia vizuri.

— Walinisifu, mama.

— Hapa kwangu hukumlilia hata siku moja.

Solveig akafungua mdomo kuomba radhi. Kilichomtoka ni kilio kibaya, cha kamasi, kisichofaa mbele ya kamera yoyote. Torleif akataka kumshika bega, mama yake akamkanya kwa jicho.

— Mwache. Alie.

Akamwacha alie mpaka viazi vikabaki vichache. Kisha akamsogezea bakuli na kisu.

— Menya hivyo vilivyobaki, mwanangu. Mumeo ana njaa.