Jozi Mia Sita za Glavu

Kila baada ya miezi mitatu meza yetu ya chakula iligeuka ofisi. Mama alikuwa karani wa kampuni ya kuzoa taka, na kwa kuwa macho yalianza kumsumbua, alinipa hesabu nami nikazinakili kwa mwandiko wangu safi. Kampuni ilikuwa na vitengo vitatu: taka za mitaani, taka za hospitali na vyuma chakavu. Kila kitengo kiliandikiwa mapato na matumizi yake peke yake, maana meneja alitaka kujua nani anamlisha nani.

Baba alifanya kazi kitengo cha hospitali, na siku hizo hakuwa na raha.

"Wanasema kitengo chenye hasara kitafungwa," alimwambia mama. "Na sisi tunajulikana, faida tunaisikia kwa wenzetu."

Nilikuwa na miaka kumi na miwili na nilijiona mjanja. Mama alipotoka kuanua nguo, nilichukua gharama ya jozi mia sita za glavu zilizotumiwa na kitengo cha baba, nikaiandika chini ya taka za mitaani. Jumla ya kampuni haikubadilika hata senti moja, kwa hiyo mama alipokagua hakugundua kitu. Kitengo cha baba kikaonyesha faida kidogo, nami nikafurahi kimoyomoyo.

Sikufikiria kwamba kuna mtu angeifanyia kazi ripoti ile. Meneja aliisoma, akaona watu wa hospitali wanatumia glavu chache, akamwagiza mtunza stoo awapimie kadiri hiyo hiyo. Kila mmoja akapewa jozi moja kwa wiki. Glavu za baba zilipotoboka, alizibandika viraka vya mpira wa baiskeli.

"Sasa nimekuwa fundi pancha," alitania.

Mama alicheka. Mimi nilijua chanzo, nikanyamaza, na kunyamaza huko ndiko kunakonitia aibu zaidi hadi leo.

Alhamisi moja nilitoka shuleni nikamkuta baba amelala mchana, kidole kimefungwa bandeji. Sindano iliyotumika ilikuwa imetoboa mfuko wa taka, ikapita kwenye glavu mbovu na kumchoma. Daktari alimpa dawa za siku ishirini na nane za kuzuia virusi vya ukimwi, akamwambia arudi kupima damu baada ya miezi mitatu. Dawa zilimtapisha. Alikonda, mashavu yakaingia ndani. Niliogopa kwamba atakufa, na kwamba nitakuwa nimemuua mimi.

Nilimwambia mama yote jikoni. Aliacha kukata vitunguu. Hakunipiga.

"Kesho tunakwenda wote ofisini," alisema. "Utasema mwenyewe."

Meneja alinisikiliza huku ameshika ripoti yenye mwandiko wangu, kisha akamgeukia mama. "Kwa hiyo karatasi za kampuni zinaandikwa na mtoto?"

"Hilo ni kosa langu, bosi," mama alijibu. "Lakini naomba watu wapewe glavu leo. Mengine tutayazungumza baadaye."

Glavu zilitolewa siku hiyo hiyo. Ripoti iliandikwa upya, hasara ikaonekana wazi, na kampuni ikapandisha bei inayozitoza hospitali badala ya kufunga kitengo. Mama ndiye aliyeondolewa ofisini. Walimpa ufagio, akaanza kufagia barabara na watu wa taka za mitaani.

Miezi mitatu ilipotimia, majibu yakatoka: baba hakuwa na maambukizi. Nililia nikimwomba radhi. Akanikalisha karibu naye.

"Najua ulitaka kunisaidia, mwanangu," alisema. "Lakini meneja hanioni mimi, anaona karatasi, na anaamua kufuatana na anachokisoma. Ukiandika, andika kilichopo, hata kama kinatuumiza. Ningefukuzwa kazi, ningetafuta nyingine. Uhai wangu ningeutafuta wapi?"

Mlangoni mama alikuwa anavua buti zake za kazi, nikainuka kwenda kumchotea maji ya kunawa miguu.