Kupanda na Kuendesha

Kila asubuhi Agripina aliamka akakuta nyumba imekwisha kunyamaza. Mama yake, Bi Adelina, alikuwa ameshakwenda kufanya usafi hospitalini. Baba yake, Bwana Mashauri, alikuwa ameshapanda treni ya chini ya ardhi kwenda chuoni, alikokuwa akisomea ufundi wa umeme. Mezani palikuwa na chupa ya chai, mkate na siagi. Agripina alikula amesimama dirishani, akavaa koti, akajivika shingoni kamba yenye ufunguo wa mlango, akashuka ngazi. Huko kulikuwa ni Rågsved, kusini mwa jiji la Stockholm, mwaka 1972. Msichana huyo wa miaka kumi na miwili alikuwa na miezi michache tu tangu atoke Magu, karibu na Mwanza.

Kule Magu, safari ya shule ilikuwa kazi ya kuamkia watu. Ukimpita mtu mzima bila shikamoo, habari zilifika nyumbani kabla yako. Rågsved mambo yalikuwa kinyume. Ukimsalimia mtu kwenye ngazi alishtuka, akakutazama kana kwamba umemkanyaga. Basi Agripina alijifunza kupita kimya, kichwa kimeinama.

Darasani alielewa mengi kuliko watu walivyodhani, lakini Kiswidi chake kilitoka polepole, na watoto hawana subira ya kumngoja mtu atafute neno. Wakati wa mapumziko alisimama kando ya ukuta, mikono mifukoni, akiwatazama wenzake wakiruka kamba. Hakuna aliyemchokoza. Hakuna aliyemwita pia, na hilo la pili ndilo lililomuuma zaidi. Kuchokozwa angalau ni kuonekana.

Siku moja ya mwezi wa Mei, mwalimu wa darasa aliingia akitabasamu. Watoto wote walimwita Fröken, kama ilivyokuwa desturi ya huko kumwita mwalimu wa kike.

"Wiki ijayo tunakwenda Gustavsberg, mji wa vyombo vya kauri," alisema. "Tutafika kwa basi, halafu tutauzunguka mji kwa baiskeli za kuazima. Atakayetuongoza ni Bwana Takeda, mfinyanzi kutoka Japani. Yeye mwenyewe amezaliwa katika mji wa wafinyanzi, na anasema mji wa namna hiyo haujulikani kwa kuuchungulia dirishani."

Kisha akaanza kumwuliza kila mmoja kama anaweza baiskeli. Alipofika kwa Agripina aliuliza taratibu, "Na wewe, Agripina? Kan du cykla?"

Agripina aliligeuza swali kichwani mwake likawa Kiswahili: unaweza kupanda baiskeli? Kumbe swali lenyewe rahisi! Tangu akiwa mdogo alipanda baiskeli ya mjomba wake, Deusdedit. Alikaa nyuma kwenye keria, kapu la dagaa mapajani, miguu ikining'inia, na hakuwahi kuanguka hata siku moja.

"Ndiyo," alijibu. "Kwetu nilipanda kila siku."

Hapo hapakuwa na uongo. Kiswahili ndicho kilichomponza, maana kwetu aliyeshika usukani amepanda baiskeli, na aliyekaa nyuma naye amepanda.

"Kila siku?" akadakia Lena, msichana wa kiti cha mbele. "Basi tuwe wawili, mimi na wewe! Kuna mteremko mrefu kule. Tushindane nani atatangulia kufika chini!"

Sasa Agripina alielewa alichoulizwa: kama anaweza kuendesha mwenyewe. Fröken naye, kana kwamba ameuona moyo wake, aliliambia darasa, "Asiyeweza asione haya. Aniambie tu. Nitakuwa nyuma na gari dogo, atakaa na mimi."

Ule ndio ulikuwa wakati wa kusema. Maneno yenyewe yalikuwa machache: samahani, nilielewa vibaya. Lakini Lena alikuwa ameshaburuta kiti chake hadi kando ya Agripina. Tangu afike Sweden, hakuna mtoto aliyewahi kusogeza kiti kumfuata. Agripina akayameza maneno yake.

Wiki ile alikuwa na rafiki. Lena alimtafuta wakati wa mapumziko, akamfundisha majina ya ndege na matusi madogo madogo. Agripina alicheka, lakini kicheko hakikufika mbali. Kila jioni aliapa kwamba kesho atamwambia ukweli. Kesho ilipofika aliutazama ule ukuta aliokuwa akisimama kando yake, akaahirisha. Siri ile ilimfanya mpweke kuliko mwanzo, kwa kuwa sasa alikuwa na mtu wa kumwambia na hakuweza kumwambia.

"Mbona huli, mwanangu?" baba yake alimwuliza.

"Nimeshiba, Baba," alijibu, naye hakuwa amekula kitu.

Siku ikawadia. Gustavsberg ulikuwa mji mdogo kando ya maji, wenye bomba la moshi la kiwanda na nyumba za wafanyakazi zilizopangana safu. Bwana Takeda aliwapokea amevaa aproni yenye madoa ya udongo. Alikuwa mtu mfupi, mchangamfu, na Kiswidi chake kilikuwa na lafudhi nzito kama cha Agripina.

"Leo nafungua tanuri langu," aliwaambia. "Vyombo vimo ndani tangu juzi. Vikikutana na hewa ya nje, vitawaambia neno. Lakini ni lazima muwepo pale mlango unapofunguliwa. Neno lenyewe halirudiwi."

Watoto wakakimbilia baiskeli. Lena akamchagulia Agripina moja ya buluu. Agripina alizitazama pedali, akautazama mteremko. Hapo shetani akampa akili. Alichuchumaa kama mtu anayefunga kamba ya kiatu, akatoa kifuniko cha valvu ya tairi, akaifungua. Upepo ukatoka, fyuuu, na kelele za wenzake zikaufunika.

"Tairi imekwisha upepo," alisema huku akiinuka. "Nendeni tu. Mimi nitabaki."

Alitegemea Lena aende. Lena aliibonyeza tairi, akafikiri kidogo, halafu akamsogezea baiskeli yake mwenyewe. "Chukua yangu. Mimi nitakimbia nyuma yenu."

"Lakini utachelewa! Hutalisikia hilo neno."

"Wewe ukibaki nawe hutalisikia," alisema Lena. "Na umetoka mbali kuliko mimi."

Wema ule ulimshinda Agripina. Machozi yalimtoka kabla ya maneno. "Ni mimi," alisema. "Ni mimi niliyetoa upepo. Siwezi kuendesha baiskeli. Sijawahi hata siku moja."

Mtoto mmoja akacheka puani. Lena hakucheka. Alimtazama Agripina kama anayemwona kwa mara ya kwanza.

"Wiki nzima?" aliuliza. "Tumekaa pamoja wiki nzima, na hukuniambia?"

Hakungoja jibu. Alipanda baiskeli yake akaenda kujiunga na wengine, na Agripina akabaki kando ya tairi iliyolala. Alitamani Magu. Alimkumbuka kwa hamu hata jirani yao mbea aliyekuwa akimsema kwa mama yake.

Bwana Takeda aliokota kile kifuniko cha valvu, akaijaza tairi upepo bila kumkemea, akaiegemeza baiskeli ukutani. Kisha akamwashiria Fröken kwamba hapana haja ya gari, akapiga keria ya baiskeli yake kwa kiganja. "Kaa hapa. Mimi nitaendesha."

Njiani alimwuliza ilikuwaje. Agripina, akizungumza na mgongo wa aproni, alimweleza habari za mjomba Deusdedit, na jinsi neno moja la Kiswahili linavyowachukua wote wawili, wa mbele na wa nyuma. Mzee yule akacheka hadi baiskeli ikayumba.

"Nakuelewa sana," alisema. "Kwetu mtu akizungumza nawe unaitikia 'hai, hai', maana yake nimekusikia. Nilipofika hapa nikawa naitikia 'ja, ja' kwa namna hiyohiyo, kumbe hapa maana yake ndiyo, nimekubali. Siku moja jirani alinieleza jambo refu, nikaitikia mpaka mwisho. Kesho yake aliniletea paka wake nimtunze majira yote ya joto!"

Agripina alitabasamu kwa shida. "Kumbe hata wewe ulikosea."

"Nilikosea. Nikamwambia sikuelewa. Kukosea neno si uongo, binti. Lakini ulipogundua kwamba wenzako wameelewa kitu kisicho kweli, ulifanya nini?"

"Nilinyamaza."

"Basi uongo ulianza pale uliponyamaza," alisema Bwana Takeda, akakanyaga pedali.

Tanuri lilikuwa nyuma ya karakana yake, chini ya misonobari. Alipoondoa matofali ya mlangoni, joto liliwapiga usoni. Ndani vilionekana vikombe na mabakuli, safu juu ya safu, na mara vyombo vikaanza kulia: ting, ting, ting, sauti ndogo ndogo za rangi ya kauri inayopoa na kukatika nyufa nyembamba. Hilo ndilo lilikuwa neno lenyewe. Watoto wote walitega sikio. Agripina aligeuka ili amnong'oneze mtu jinsi ilivyokuwa nzuri, akakuta hakuna mtu ubavuni mwake. Lena alikuwa upande wa pili, katikati ya wengine.

Alikusanya nguvu akamfuata. "Lena, nisamehe," alisema. "Niliogopa kwamba nikisema kweli utarudisha kiti chako mahali pake."

Lena alisikia, kisha akageukia tanuri. Wakati wa kurudi aliketi na msichana mwingine, na Agripina akasafiri njia nzima akiutazama mfuko wa koti lake.

Jioni ile alimwambia baba yake yote, hata habari ya valvu. Bwana Mashauri aliweka kando vitabu vyake, akasikiliza hadi mwisho. "Umeomba radhi," alisema. "Sasa mpe nafasi naye akasirike. Hasira yake ni haki yake."

Jumamosi kengele ya mlango ililia. Bi Adelina alifungua, akaita, "Pina, una mgeni!" kwa sauti ya mtu asiyeamini anachokisema. Lena alikuwa amesimama kizingitini, uso umekunjamana.

"Bado nimekasirika kidogo," alitangaza. "Lakini nimekuja na baiskeli. Ipo chini."

Walishuka hadi uwanjani, kati ya majumba. Bwana Mashauri akawafuata, akaketi kwenye benchi. Agripina alianguka, akachubuka kiganja, akaanguka tena. Lena alishika kiti cha baiskeli kwa mikono miwili. "Unaogopa?" aliuliza.

Zamani angesema haogopi. "Naogopa sana," alijibu Agripina. "Usiniachie kabla hujaniambia."

"Nitakwambia."

Walikimbia, mmoja juu na mmoja chini, wakihema. "Naachia sasa!" Lena akapiga kelele. Baiskeli ikayumba, ikanyooka, ikaenda hatua kadhaa peke yake kabla ya kuingia kwenye nyasi na kumtupa Agripina chini. Lena alikuwa akicheka, na hasira yake ilikuwa imekwisha bila yeye kujua.

Bwana Mashauri alikuja kumwinua binti yake. "Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua," alisema huku akimpangusa vumbi. "Wewe ulificha ugonjwa mdogo, na dawa yake ilikuwa imekaa kwenye kiti cha kando yako. Mwanangu, asiyejua kuwa unaanguka hawezi kukushika. Sema kweli mapema, hata kama sauti inatetemeka."

"Nimesikia, Baba," alisema Agripina, lakini miguu yake ilikuwa imeshaondoka. Alikuwa ameinua baiskeli, ameigeuza, na uwanja mzima wa Rågsved ukamsikia akiita kwa nguvu zake zote:

"Lena! Njoo unishike tena! Bado siwezi!"