Jina la Kumwomba Mtoto Abaki

Serwaa alikuwa hatulii. Alikaa kula, akainuka, akaenda kumtazama mtoto. Alirudi, akakata tonge moja la fufu, akainuka tena. Alimbonyeza mtoto vidole. Havikuwa vimevimba. Alimfunua jicho. Lilikuwa jeupe.

"Mwache alale," alisema mumewe, Yaw. "Utamchosha kwa kumtazama."

"Nikiacha kumtazama, ataondoka."

Yaw mwenyewe alikuwa ameshapita dirishani mara tatu akijifanya anatafuta randa yake.

Mtoto alikuwa na siku nne. Alizaliwa Jumatano, kwa hiyo jina la siku alikuwa nalo: Akua. Kwetu msichana wa Jumatano ni Akua, hakuna haja ya kikao. Jina lake hasa, lile analotoa baba, husubiri siku ya nane. Kabla ya siku hiyo mtoto ni mgeni tu. Anaweza kubaki, anaweza kurudi alikotoka.

Serwaa alikuwa ameshazika watoto wawili. Mvulana aliitwa Amponsah, jina la babu yake, baba wa Yaw. Msichana aliitwa Pokuaa, jina la bibi yake, mama wa Serwaa. Yalikuwa majina ya heshima. Wote wawili walivimba mikono na miguu. Macho yao yaligeuka manjano. Kisha homa ikawachukua, mmoja akiwa na mwaka na miezi miwili, mwingine miezi tisa.

"Hao si wawili," alisema bibi yao, Nana Pokuaa. "Ni mtoto mmoja anayekuja na kuondoka. Safari hii tutamdanganya. Ataitwa Sumina."

Sumina ni jalala.

"Mama!" alisema Serwaa.

"Ndiyo, jalala! Nani anataka kitu cha jalalani? Hata kifo kitapita bila kugeuka. Tutamvalisha matambara. Tutamchanja shavuni ili aonekane mbaya. Na usithubutu kumpeleka kliniki. Ukikimbia naye hospitali, umeshasema kwamba unampenda. Ujanja wote umeharibika."

Ninawajua Serwaa na mama yake tangu zamani. Hakuna hata mmoja aliyekuwa mpumbavu. Walikuwa na hofu, na hofu ikikaa nyumbani hupanga mambo yake yenyewe. Serwaa alitii. Mbele za watu alimlaza mtoto kwenye kitambaa kilichochakaa. Watu wakiondoka, alimkumbatia na kulia.

Siku ya tano alikuja Sista Afriyie, muuguzi wa eneo letu, na pikipiki yake. Nana alisimama mlangoni.

"Hapa hakuna mtoto."

Ndani mtoto alilia.

"Na huyo anayelia ni nani, Nana?"

"Mbuzi."

"Basi nimekuja kumwona mbuzi," alisema Sista, akavua viatu, akaingia.

Alimpima mtoto uzito. Kisha alimuuliza Serwaa habari za wale wawili. Serwaa alieleza yote: mikono, miguu, macho, homa.

"Pole sana, dada," alisema Sista. "Huenda ulikuwa ugonjwa wa seli mundu. Uko kwenye damu. Wewe unaweza kuwa umeubeba nusu, na Yaw nusu. Nyinyi hamuumwi. Lakini mtoto akizichukua nusu zote mbili, chembe za damu yake hujikunja kama mundu. Zinakwama kwenye mishipa. Ndiyo maana mikono huvimba na damu hupungua."

"Na huyu?" aliuliza Serwaa.

"Kila mimba ina bahati yake. Katika nafasi nne, moja ni ya kuumwa. Nahitaji tone la damu kutoka kisiginoni, tujue mapema. Akiwa nao, tunaanza dawa kabla hajaugua."

"Kumtoboa mtoto!" alifoka Nana.

"Nana, na wembe wako wa shavuni hautoboi?"

Nana alimfunika mtoto miguu kwa kitambaa. "Jina litamlinda," alisema.

"Nilisoma na binti Myoruba," alisema Sista. "Kwao mtoto wa namna hii huitwa Malomo, yaani usiende tena. Jirani zao Waigbo wana jina Onwubiko, kama kusema, kifo, tafadhali. Wazazi wa kila mahali wamelia kwa majina. Hawakuwa wajinga, Nana. Hawakuwa na maabara. Walikuwa na jina tu."

Hata huko uliko, msomaji, yuko mtu anaitwa Tabu au Mashaka. Muulize mama yake kisa cha jina hilo.

"Nenda," Nana alimwambia Sista.

"Naenda. Siku ya nane nitarudi."

Siku zilizofuata Serwaa hakuwa na raha. Alifua nguo zilizokwisha kufuliwa. Aliunguza ndizi. Kila mara alikuwa na maneno mdomoni na kila mara aliyameza.

Siku ya nane ukoo ulikusanyika asubuhi. Sista Afriyie alikaa nyuma, begi lake mapajani. Babu, baba wa Yaw, alimpakata mtoto. Alichovya kidole majini, akamdondoshea mtoto ulimini.

"Akua, ukisema ni maji, yawe maji."

Kisha akachovya kwenye kinywaji kikali.

"Ukisema ni pombe, iwe pombe."

Mtoto alikunja uso. Watu walicheka. Mzee akauliza, "Jina lake?"

"Sumina," alisema Nana upesi.

Serwaa alisimama.

"Baba, naomba kusema. Umemwambia mtoto aseme kweli. Maji yawe maji. Ulimi wake haujakauka, na sisi tunamwita jalala. Huyu si jalala. Nampenda. Nimeogopa siku nane mpaka chakula hakipiti. Kama kifo kinasikia, na kisikie."

Nana Pokuaa aliinamisha kichwa, na machozi yakamdondoka.

"Yule mdogo nilimpa jina langu," alisema. "Akaondoka nalo. Mnadhani sikuumia?"

Serwaa alikwenda kukaa karibu na mama yake, akamshika mkono.

Yaw alikohoa. "Kutoa jina ni kazi yangu," alisema. "Ataitwa Begyina. Yaani, njoo ubaki. Hatumdanganyi mtu. Tunamwomba yeye mwenyewe, waziwazi. Na Sista achukue hiyo damu."

Sista alitoboa kisigino. Begyina alipiga kelele, na Nana akamtazama muuguzi kwa jicho kali.

Mwezi mmoja baadaye majibu yalirudi. Begyina alikuwa na seli mundu. Serwaa alikaa chini, akalia sana. Sista alimwacha alie. Kisha akawaeleza tena, polepole. Penisilini asubuhi na jioni, bila kuruka. Chandarua kila usiku. Chanjo zote. Maji ya kutosha akianza kula. Homa ikija, hospitali siku hiyohiyo, hakuna kusubiri kesho. "Wengi wanakua," alisema. "Wanasoma, wanaoa, wanaolewa."

Dawa ya asubuhi alikabidhiwa Nana. Hakuruka hata siku moja.

Begyina alipokuwa na miaka miwili, mchana mmoja, mwili wake ulichemka. Serwaa alikuwa shambani na Yaw alikuwa karakanani. Nana alimfunga mgongoni kwa kitenge chake kizuri kuliko vyote, kile cha sherehe. Alipita katikati ya soko akipaza sauti, "Nipisheni! Nina mjukuu wangu hapa! Nipisheni!" Soko zima lilijua anampenda nani.

Sista Afriyie aliwapokea mlangoni mwa hospitali.

"Ameanza lini?"

"Sasa hivi, baada ya chakula. Dawa ya asubuhi amekunywa. Jina ni Akua Begyina, andika vizuri." Nana alimfungua mtoto mgongoni, akamweka mikononi mwa muuguzi. "Sisi tulishamwomba abaki. Sasa na nyinyi msaidieni."

Walimsaidia. Begyina ana miaka saba sasa. Ana kelele, ana madeni ya pipi kwa wenzake, na anasoma darasa la pili. Serwaa bado humbonyeza vidole kabla hajatoka kwenda shule. "Mama, nitachelewa," husema mtoto, na huondoka mbio, na saa nane mchana hurudi.