Rangi Tatu za Kupeleka Uru

Basi la Dar lilikuwa limeshaanza kurudi nyuma, konda anapiga bodi kwa kiganja, na Gladness bado anakimbia ubavuni mwake na mfuko mkononi. Dirishani, nusu ya mwili nje, alikuwa Pamela, rafiki yake waliyekuwa wakikaa naye chumba kimoja Pasua, Moshi. Pamela anahamia kwa dada yake, analia na kucheka kwa mpigo mmoja.

"Rusha, Gledi! Rusha tu!"

Gladness akarusha. Maparachichi yalifika. Chupa ya sharubati ya rozela haikufika. Ilichomoka mfukoni, kizibo kikang'oka hewani, na uwekundu wote ukammwagikia kijana mrefu aliyekuwa anakatiza stendi na sanduku la zana begani. Shati lake jeupe lilikuwa limepigwa pasi mpaka mikunjo inakata.

Basi likaondoka. Kijana akajitazama kifua.

"Dada, umeniua. Watu watasema nimechomwa kisu mchana kweupe."

"Jamani pole! Ni rozela, inatoka kwa maji baridi na chumvi."

"Na wewe unatoka wapi?"

"Masama."

"Mmachame! Basi nimeponea chupuchupu. Nasikia kwenu waume hawazeeki, wake zao huwazika mapema."

"Utani huo una mvi, kaka. Lete shati nikafue, au nenda hivyohivyo ukachekwe."

Alicheka yeye kwanza. Jina lake Leodegar, wa Uru, fundi wa friji. Alivua shati palepale, akabaki na fulana, akamkabidhi kama mtu anayeweka rehani.

Gladness alikuwa anafanya kazi kaunta ya hoteli moja mjini, akiwachanganyia vinywaji watalii walioshuka mlimani na midomo iliyobabuka. Kazi hiyo hakuisomea. Aliijua kwa kutazama, na kwa kuharibu. Leodegar alianza kwa kuja kudai shati, akaendelea kuja hata baada ya kurudishiwa, na siku asipokuja simu inalia.

"Umelala?"

"Nimelala."

"Aliyelala anajibu simu?"

"Anayesumbuliwa anajibu. Sema, baba wee."

"Nimesahau nilichotaka kusema. Ongea wewe, mimi nisikilize."

Jumamosi moja alifika Pasua na ndoo ya barafu aliyoigandisha kwenye friji za wateja. Gladness alikuwa amevaa khanga kifuani, nywele amezifunga kwa soksi kuukuu, na juu ya meza amepanga embe lililosagwa, juisi ya nanasi, sharubati ya rozela na chupa ndogo ya ramu.

"Ponda barafu, mangi, usikae kama mgeni. Sasa tazama. Rozela nimeipika na sukari mpaka imekuwa nzito, kwa hiyo inakaa chini. Halafu barafu. Halafu embe, polepole, unalipitisha mgongoni mwa kijiko. Ukiharakisha, umepata uji. Ramu naitia kwenye nanasi, naimalizia juu."

Leodegar aliinamisha kichwa usawa wa meza. Ndani ya glasi kulikuwa na nyekundu, kisha rangi ya moto wa kuni, kisha njano iliyopauka, na hakuna iliyomgusa mwenzake.

"Aisee! Na haichanganyiki?"

"Anayekunywa ndiye anayeichanganya. Kazi yangu ni kukupa ikiwa nzima. Hotelini ukimpelekea mgeni glasi iliyoguswa, jioni hiyohiyo unafungashiwa virago."

Alikunywa, akafumba macho.

"Vipi? Mbaya?"

"Nafikiri namna ya kumwambia mzee wangu. Anataka kukuona, Gledi. Anasema amechoka kukusikia kama redio."

Gladness aliweka kijiko chini. Alikuwa na umri ambao shangazi zake wa Masama walikuwa wameacha kumuuliza, wakaanza kumwombea. Na huyu alimpenda. Alimtaka hasa, na barafu yake na shati lake.

"Nipeleke nini?"

"Wenzako hupeleka mbege."

"Wenzangu wengi. Na si ulisema daktari amemkataza pombe?"

"Presha. Akisikia harufu ya mbege analia kama mtoto."

"Basi nitampelekea hii. Yake sitatia ramu hata tone."

Jumapili walipanda Uru. Kulikuwa kumenyesha, mfereji unanguruma kando ya njia, na Gladness alibeba viatu vyake vya kisigino mkononi mpaka karibu na lango. Alivaa gauni la kitenge cha buluu lililombana kiunoni na kulegea miguuni. Kahawa ilikuwa imeiva, migomba imeinama, na nyumba ya Mzee Basili imekaa katikati ya kihamba chake, shamba la urithi, kama kuku aliyeatamia.

Mzee alikuwa mjane, mwembamba, macho bado ya utani. Pembeni yake alikaa dada yake, Shangazi Theopista, aliyeshika nyumba tangu wifi yake azikwe. Wanaume wa ukoo walijaza benchi.

"Shikamoo baba. Shikamoo shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu," alisema mzee. "Kumbe yule kijana hakudanganya."

"Marahaba," alisema shangazi. "Wa Masama, eti? Na Mlutheri?"

"Ndiyo, shangazi."

"Haya."

Gladness aliingia jikoni. Akazipanga rangi polepole, mgongoni mwa kijiko, maana hiyo ilikuwa kazi yake. Aliporudi na sinia, hata wazee wa benchi waliacha kuzungumza. Jua la alasiri liliingia mlangoni likapita katikati ya glasi, na ukuta wa chokaa ukapata madoa mekundu na ya njano. Alipiga goti, akampa mzee kwa mikono miwili. Akampa shangazi. Akawapa wa benchi. Akampa Leodegar.

Hakuna aliyekunywa.

Alidhani wanashangaa uzuri. Akatabasamu.

"Karibuni. Unakoroga kidogo ndipo unakunywa."

"Na wewe?" aliuliza shangazi.

"Mimi nitakunywa baadaye."

"Baadaye lini?"

"Shangazi, nikionja rangi zitachafuka."

Benchi lilikohoa. Hapo ndipo Gladness alipoelewa. Kwao Masama ni vilevile, alilelewa humohumo: mwenye pombe hutangulia kuonja, akameza watu wakimwona, wajue haina sumu, ndipo akabidhi kata. Bibi yake alifanya hivyo maisha yake yote. Lakini alikuwa amelichukulia jambo hilo kuwa la mbege na kata. Glasi, kichwani mwake, ilikuwa na sheria ya hotelini.

"Nisamehe, shangazi. Lete nionje."

Akanyoosha mkono. Shangazi akaivuta glasi kifuani.

"Mtu haonji kwa kukumbushwa. Sasa umeshajua tunachotazama."

"Theopista," alisema mzee.

"Nasema uongo? Mmachame analeta kinywaji hakuna aliyewahi kukiona, chini chekundu kama damu, na yeye mwenyewe hataki kukigusa. Mimi nimeuliza tu."

Gladness alimtazama Leodegar. Leodegar hakuwa na haja ya kusema neno. Glasi alikuwa nayo mkononi, kinywaji chenyewe alikijua kuliko wote mle ndani, barafu aliiponda yeye. Funda moja tu. Watu wangecheka, shangazi angenuna, mambo yangekwisha.

Leodegar alimtazama shangazi, akalitazama benchi. Kisha akaiweka glasi mezani, taratibu, kama mtu anayeogopa isilie.

"Ngoja kwanza," alisema, na haikujulikana anamwambia nani.

Mzee Basili ndiye aliyekunywa. Alikoroga kwa kidole, akaimaliza yote, akafuta sharubu.

"Nimekunywa na watu wabaya kuliko huyu binti," alisema. "Tamu. Haina nguvu, lakini tamu. Jumapili ijayo mje tuzungumze mahari."

Aliyecheka ni yeye peke yake.

Njiani kushuka Gladness alitangulia, viatu mkononi. Leodegar alimshika mkono.

"Mpenzi, usikasirike. Wazee ni wazee. Ningekunywa wangesema umenifunga."

"Wangesema. Halafu?"

"Nitalimaliza. Niamini."

Alitaka kumwamini, akaamini.

Kabla wiki haijaisha Mzee Basili alianguka kwenye kahawa, kikapu kiunoni. Walimfikisha hospitali bado anapumua, lakini hakusema neno. Jioni akafa. Gladness aliipata habari akiwa kaunta, akaomba ruhusa, akapiga simu huku anavua aproni.

"Leo wangu, pole mpenzi. Pole jamani. Nakuja sasa hivi."

"Usije."

"Unasemaje?"

"Usije msibani. Watu wana maneno."

"Maneno gani?"

Nyuma ya sauti yake wanawake walikuwa wanalia, na mtu anapanga viti vya chuma.

"Gledi, naomba uniambie mimi. Mimi peke yangu. Ulimwekea nini?"

Gladness alikaa juu ya kreti la soda.

"Rozela," alisema. "Embe. Nanasi. Barafu yako."

"Nauliza tu. Watu wanauliza."

"Na wewe ni watu?"

Simu ilikatika, au Leodegar aliikata.

Siku ya maziko alipanda Uru hata hivyo. Alivaa nyeusi, akanunua sukari na mchele kama mtu yeyote aendaye kufariji. Langoni alisimama Shangazi Theopista na wanawake wengine, khanga zimekazwa viunoni.

"Umekuja kuhesabu maiti?" aliuliza shangazi.

"Nimekuja kumzika baba."

"Baba wa nani? Rudi kwenu Masama, kawazike wa kwenu. Mnao wengi."

Mwanamke mmoja aliguna, mwingine akacheka kidogo, kicheko cha msibani kile kinachotoka bila ruhusa. Ndani padri alikuwa ameanza sala. Gladness aliweka mzigo chini ya mgomba. Hakuna aliyeupokea. Kutoka pale aliuona mgongo wa Leodegar, suti nyeusi, nyuma ya jeneza. Leodegar aligeuka mara moja, akamwona, akageukia mbele.

Mjini habari ilimtangulia. Wapishi wa hotelini walianza kwa utani: "Gledi, mimi leo sinywi chai yako." Baadaye utani ukaisha, chai ikabaki bila mnywaji. Meneja akamhamishia kufua mashuka, akasema ni kwa muda.

Mvua za masika zilikuwa zimeshika ndipo Leodegar alipobisha hodi Pasua. Alikuwa amekonda, ndevu hazijanyolewa, na mkononi ameshika jani la isale lililofungwa fundo. Gladness aliliona jani kabla ya uso. Kwa Wachagga, anayeletewa isale hana ruhusa ya kukataa kusamehe, hata kama ameuliwa ndugu. Leodegar alipiga goti kwenye maji ya mlangoni.

"Ingia, utaumwa," alisema Gladness.

"Pokea kwanza."

Akapokea. Leodegar akalia, akaingia, akakaa kwenye stuli.

"Nikwambie kitu," alisema. "Daktari alituita siku ileile mzee alipokufa, mimi na shangazi. Akasema ni presha, mshipa umepasuka kichwani. Mzee alikuwa ameacha dawa tangu mavuno yaanze, anasema zinamlegeza. Nilijua, Gledi."

"Ulijua kabla hujanipigia simu, au baada?"

"Wewe ndiye uliyepiga."

"Kabla au baada?"

"Kabla."

Mvua ilizidi kupiga bati.

"Ulijua, ukaniuliza nimemwekea nini."

"Nilitaka nikusikie ukikataa. Ili niwe na cha kuwaambia. Sikuwa na nguvu ya kusimama peke yangu, mpenzi. Sasa ninayo. Tengeneza hata leo, twende Uru, nitakunywa mbele ya shangazi, mbele ya ukoo mzima. Nitakuoa Lutheri au Katoliki, popote unapotaka."

Gladness alikuwa bado anampenda. Ndilo lililomuuma. Alitamani kumkausha nywele kwa khanga, kama zamani.

"Glasi ulikuwa nayo mkononi, Leo. Hakuna aliyekuwa amekufa bado. Ilikuwa funda moja tu, na mzee wako akamwona binti wa watu anaaibika, akanywa yeye. Wewe ukaiweka mezani."

"Umepokea isale."

"Nimepokea. Nimekusamehe, na sina kisasi na ukoo wako. Isale inaomba hilo. Haiombi mtu aolewe."

"Gledi."

"Subiri mvua ipungue, halafu uende."

Haikupungua. Aliondoka hivyohivyo.

Gladness aliacha kazi hotelini mwezi uleule akaenda Tanga, ambako alipata kaunta ya mgahawa. Hajaolewa. Mama yake humtembelea wakati wa likizo. Leodegar alioa mwaka uliofuata, msichana wa Uru aliyechaguliwa na ukoo, na wana mtoto wa kike. Bado anatengeneza friji. Shangazi Theopista alivunjika nyonga, haendi tena kanisani, na padri humpelekea komunyo nyumbani. Akiulizwa kifo cha kaka yake husema ni yule Mmachame. Pamela alishindwa maisha ya Dar, akarudi Moshi, anauza vipodozi Kiborloni. Kihamba cha Mzee Basili kimegawanywa, na sehemu ya juu ya mfereji kahawa imeng'olewa, yamepandwa maparachichi.