Ngoma ya Wajapani wa Nyarugusu

Agosti ya 1976, Generosa, mpiga filamu wa serikali, alishuka Nyarugusu, Geita, jua likiwa linaelekea kuzama. Alitumwa kuwapiga filamu Wajapani waliokuwa wakipima miamba ya dhahabu. Jioni ile walikuwa na ngoma ya kwao.

Safari yenyewe aliikubali shingo upande. Kaka yake, Thobias, alifukiwa na shimo la dhahabu huko huko Nyarugusu. Maiti haikupatikana.

Wajapani walivaa kanzu fupi za buluu, wakatundika taa za karatasi, wakaanza kuzunguka polepole. Hatua mbele, kofi moja. Hatua nyuma.

"Ngoma ya nini hii, Bwana Morita?" Generosa alimuuliza mkuu wao.

"Tunaita wafu wetu," Morita akanong'ona kwa Kiswahili cha kuokoteza. "Wanakuja, wanacheza. Mwisho tunawasindikiza na taa."

Generosa akaweka jicho kwenye kamera.

Kofi... kofi...

Harufu ndiyo iliyotangulia. Udongo mbichi, wa chini kabisa, na kiangazi kile kilikuwa kimekausha hata vijito. Kisha akaiona miguu. Nyuma ya Wajapani walipita watu peku, tope likiwachuruzika.

Akainua uso. Wajapani peke yao.

Akarudisha jicho. Mmoja wa wale peku akageuka.

Thobias.

"Kaka!" Ilimtoka kabla hajafikiri. "Thobias, twende nyumbani!"

Ngoma ikakatika. Upepo ukapita, taa zote zikazimika.

Morita akamshika mkono.

"Umemwita kwa jina?"

"Ni kaka yangu..."

"Hatujawasindikiza," Morita alisema. "Hatujawasindikiza, dada."

Kulipopambazuka Generosa alikuwa mlangoni kwa mama yake, Geita mjini.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Sema polepole, mwanangu."

Mama alikuwa ameketi chini, mgongo wake ukiegemea mlango wa chumba cha ndani. Mtungi mtupu ulilala pembeni.

"Kaka yako karudi. Kamaliza mtungi mzima, bado analia kiu."

"Umemwona uso?"

"Hataki taa."

Ndani, mtu akakohoa kikohozi kizito, kama mwenye mchanga kifuani. Halafu kucha zikaanza kukwangua sakafu... taratibu, bila kupumzika.

"Dada," sauti ikaita. "Maji."

Mama alimtazama Generosa, machozi yakimlengalenga. Hakuondoka mlangoni.

Generosa akaokota ndoo, akaenda kisimani.